Ng'ombe Wamefika, Usajili Bado

Kila Desemba, watu wakirudi vijijini kuoa na kuozesha, swali linalotufikia ofisini ni lilelile: "Tumefunga kimila, turudie bomani?" Hapana. Kwa Tanzania Bara, Sheria ya Ndoa ya mwaka 1971 inatambua ndoa ya kimila kama inavyotambua ya kidini na ya kiserikali. Wazee wakikamilisha taratibu za jamii yao, na wawili hao wameridhia wenyewe, hakuna cha kurudia.

Kinachobaki ni usajili, na hapo ndipo wengi hulala. Kwa ndoa ya kimila, wajibu wa kuomba usajili ni wa wanandoa wenyewe, ndani ya siku 30 tangu ndoa ifungwe, kwa msajili wa eneo ilikofungwa. Mkifunga Moshi mkahamia Dar es Salaam, shughuli yenu iko Moshi. Msajili atataka kujiridhisha: ilifungwa lini, wapi, mbele ya nani, na kila mmoja ana umri gani. Basi waulizeni mapema wazee walioshuhudia kama wako tayari kusema hivyo, maana wazee nao hawakai milele. Siku 30 zikipita msijifiche nyumbani, fikeni muelekezwe. Kuna pia taarifa ya kusudio la kuoana, hutolewa angalau siku 21 kabla, ili mwenye pingamizi aseme mapema, si siku ya pilau.

Sasa mahari. Mshenga amekwenda na kurudi, kishika uchumba kimepokelewa, ndoa imefungwa, halafu baba anamzuia binti kwa sababu ng'ombe watatu hawajafika, na anasema hakuna ndoa. Ndoa ipo. Kifungu cha 41 kinasema wazi kwamba kutotimiza mila ya mahari hakubatilishi ndoa iliyokidhi matakwa mengine ya sheria. Mzee wetu adai ng'ombe wake kama deni, tena kwa heshima, lakini asimgeuze binti kuwa rehani.

Na kinyume chake ni hivyohivyo, ingawa wengi hawapendi kukisikia: ng'ombe hata wakijaa zizi, binti asiporidhia hakuna ndoa. Akiwa mwanafunzi wa msingi au sekondari, suala si la msajili tena. Marekebisho ya Sheria ya Elimu ya mwaka 2016 yanataja kifungo cha miaka 30 kwa anayemuoa, na "mila zetu zinaruhusu" si utetezi.

Wapo wanaosema wameishi pamoja miaka miwili, basi sheria imewaozesha. Kifungu cha 160 cha Sheria ya Ndoa kinatoa dhana ya ndoa tu, yaani kuchukuliwa kuwa mmeoana mpaka ithibitishwe vinginevyo, kwa wale wanaotambulika kwa watu kuwa mume na mke, na dhana hiyo yaweza kukanushwa mahakamani. Tafadhali msije dirishani kuomba cheti cha dhana.