Je, wajua kwa nini jezi ya Pakistan ilimfungulia Zesh Rehman milango ya Asia, na mwishowe ya ukocha?

Orodha ya klabu alizopitia Zesh Rehman inashangaza kidogo. Inaanza na Fulham, Brighton, Norwich, QPR, Blackpool na Bradford City, klabu za Uingereza tupu. Kisha zinafuata Thailand, Hong Kong na Malaysia. Anarudi Uingereza kuichezea Gillingham, anaondoka tena kwenda Hong Kong, na mwishowe anaonekana Portsmouth, safari hii akiwa kocha. Beki wa kati mzaliwa wa Birmingham alifikaje huko kote?

Jibu jepesi ni kwamba soko lilimwishia nyumbani akaenda kutafuta riziki mbali. Lakini wapo mabeki wengi wa madaraja ya chini Uingereza ambao soko liliwaishia na hakuna klabu ya Bangkok wala Kuala Lumpur iliyowapigia simu. Rehman alikuwa na kitu ambacho wao hawakuwa nacho: alikuwa mchezaji wa timu ya taifa ya Pakistan.

Tuanze mwanzo. Rehman alizaliwa Birmingham mwaka 1983 katika familia yenye asili ya Pakistan, akalelewa kisoka na Fulham. Mwaka 2004 alicheza Ligi Kuu ya Uingereza, akawa mchezaji wa kwanza mwenye asili ya Pakistan kufika hapo. Uzito wa jambo hili unaonekana ukikumbuka kwamba Waingereza wenye asili ya Pakistan, India na Bangladesh ni mamilioni, wanapenda mpira kama jirani zao, wanajaza viwanja vya mitaani kila wikiendi, ila katika vikosi vya kulipwa unawahesabu kwa vidole. Maskauti kwa miaka mingi hawakuwa wakienda kuwatazama, na wazazi nao hawakumwona mtu wa kwao aliyefanikiwa ili wamwachie mtoto ajaribu. Mtu wa kwanza hubeba mzigo wa namna hiyo. Baadaye, alipocheza Bradford City katika daraja la nne, alikuwa amekwisha kucheza katika madaraja yote manne ya kulipwa ya Uingereza.

Alikuwa pia amevaa jezi za timu za vijana za Uingereza. Hata hivyo hakuwa ameitumikia timu kubwa ya taifa katika mechi rasmi, na kwa asili ya familia yake alistahili kuichezea Pakistan. Mwezi Desemba 2005 alikwenda Karachi kwa mashindano ya ubingwa wa Asia Kusini, ambako Pakistan ilikuwa mwenyeji. Ilitolewa na Bangladesh kwa bao 1-0 katika nusu fainali.

Hapa nitasimama kidogo, maana mji huo unatugusa sisi wasomaji wa Kiswahili. Moyo wa soka la Karachi ni Lyari, mtaa wa zamani karibu na bandari, na huko ndiko uliko Uwanja wa Soka wa People's. Katika nchi ambayo kriketi imemeza kila kitu, Lyari hupeperusha bendera za Brazil kila Kombe la Dunia, na watu wake wengi ni Wabulushi, wakiwemo Masheedi, ambao mababu zao walichukuliwa kutoka pwani ya Afrika Mashariki kupitia Oman na Makran. Pwani hiyo ya Makran, magharibi mwa Karachi, haikuwa mbali na Zanzibar kisiasa: bandari ya Gwadar ilikuwa mali ya Oman hadi mwaka 1958, na Wabulushi waliletwa Zanzibar na Mombasa kama askari wa Sultani. Kwa hiyo anayesema Pakistan haina utamaduni wa soka hajafika Lyari. Vipaji vipo tangu zamani. Kilichokosekana ni uongozi wa kuvitunza.

Na uongozi ndio kidonda chenyewe. Kwa miongo mingi wachezaji bora wa Pakistan walichezea timu za idara na mashirika: jeshi, shirika la umeme WAPDA, shirika la ndege, mabenki. Mchezaji alikuwa mwajiriwa mwenye mshahara wa mwezi, jambo lililomlisha, lakini halikumjenga kuwa mwanasoka wa kulipwa anayeweza kuuzwa nje. Juu ya hapo, ugomvi ndani ya shirikisho ulisababisha FIFA kuifungia nchi hiyo mwaka 2017, tena mwaka 2021, na tena mwanzoni mwa 2025. Ligi ilikaa miaka bila kuchezwa. Mwaka 2015 mechi ya nyumbani ya kufuzu Kombe la Dunia dhidi ya Yemen ilibidi ichezwe Bahrain kwa sababu za usalama, na ile ya 2019 dhidi ya Kambodia ikachezwa Qatar. Kijana anayekua katika mazingira hayo atajifunza ukocha kwa nani, na atafundisha ligi ipi?

Sasa turudi kwenye swali letu. Mwaka 2009 Shirikisho la Soka la Asia lilianza kutumia kanuni iliyoitwa tatu-jumlisha-moja katika Ligi ya Mabingwa ya bara hilo. Klabu iliruhusiwa wachezaji watatu wa kigeni kutoka popote duniani, na wa nne ilikuwa lazima awe raia wa nchi mwanachama wa shirikisho hilo. Ligi za nchi mbalimbali zikaiga. Nafasi zile tatu zilikuwa na ushindani mkali: Wabrazili, Waajentina, Wanigeria, Waserbia, wote wanazigombea. Nafasi ya nne ilikuwa na foleni fupi, na kwa kawaida ilikwenda kwa Waaustralia, Wakorea na Wajapani.

Tazama Rehman anavyoonekana kwa mkurugenzi wa klabu katika hali hiyo. Ana mafunzo ya Fulham na uzoefu wa madaraja yote ya Uingereza, ila kwenye makaratasi ni Mwasia, kwa kuwa Pakistan ni mwanachama. Klabu inapata beki wa Kiingereza bila kupoteza nafasi ya mshambuliaji wa Kibrazili. Sidhani kama mwaka 2005, alipopanda ndege kwenda Karachi, kuna aliyewaza hivyo. Kanuni yenyewe ilikuwa bado miaka kadhaa mbele.

Mwaka 2011 alitua Muangthong United ya Thailand. Mwaka huohuo klabu hiyo ilimsajili Robbie Fowler, mshambuliaji wa zamani wa Liverpool, ambaye kabla mwaka haujaisha alikabidhiwa pia kazi ya ukocha huku akiendelea kucheza. Kisha Rehman akaenda Kitchee ya Hong Kong. Mfano ulio wazi kuliko yote ni Pahang ya Malaysia, msimu wa 2014. Wageni wake wanne walikuwa Dickson Nwakaeme wa Nigeria, Matías Conti wa Ajentina, Damion Stewart wa Jamaika, na Rehman katika nafasi ya Mwasia. Stewart na Rehman walikuwa wamecheza pamoja QPR, wakakutana tena upande wa pili wa dunia. Pahang ilichukua Kombe la FA na Kombe la Malaysia mwaka huo.

Ukocha unaingilia hapo. Beki wa kati huona uwanja mzima mbele yake na kazi yake nusu ni kuongea: panda, shuka, mfuate, mwache. Ukimhamisha beki huyo kila baada ya misimu miwili kwenda kwenye lugha nyingine, hali ya hewa nyingine na kocha mwenye falsafa nyingine, anapata darasa ambalo mchezaji aliyekaa mji mmoja maisha yake yote halipati. Hong Kong ndiko alikoanza kuchanganya kazi mbili, akicheza na kufundisha katika klabu ya Southern, huku akipanda ngazi za leseni.

Ngazi hizo si mchezo. Unaanza na leseni za chini, unafika B, kisha A, na kilele chake ni Pro, ambayo Ulaya inahitajika kwa mtu anayetaka kuwa kocha mkuu wa timu ya ligi kuu. Kila hatua inadai saa za darasani na mazoezi yanayotazamwa na wakufunzi, na huwezi kwenda mbali kama huna timu ya kufundisha. Ndiyo sababu klabu iliyompa mchezaji mkongwe nafasi ya kushika filimbi ilimpa kitu kikubwa kuliko mshahara. Portsmouth ilimchukua kufundisha vijana wanaokaribia kikosi cha kwanza, baadaye akaingia benchi la ufundi la timu kubwa, lililotwaa ubingwa wa daraja la tatu la Uingereza mwaka 2024.

Kanuni ya tatu-jumlisha-moja haipo tena. Tangu msimu wa 2024/25 mashindano makubwa ya klabu Asia yameondoa kikomo cha wageni. Njia aliyoipita Rehman haitamfaa mwingine kwa namna ileile. Lakini ile hatua ya kwanza, ya mtoto wa Uingereza kuchagua jezi ya kijani, imekuwa desturi. Oktoba 2023, mjini Islamabad, Pakistan ilishinda mechi ya kufuzu Kombe la Dunia kwa mara ya kwanza katika historia yake, 1-0 dhidi ya Kambodia, chini ya Stephen Constantine, aliyewahi kuinoa Rwanda. Bao lilifungwa na Harun Hamid, mzaliwa wa London aliyelelewa na QPR. Na kikosini alikuwemo Easah Suliman, bingwa wa Ulaya wa vijana chini ya miaka 19 na Uingereza mwaka 2017, ambaye amekuwa nahodha wa Pakistan. Ni beki wa kati, mzaliwa wa Birmingham.