Uzee haufuti kambi

Wengi huamini kwamba manusura wa mauaji ya Wayahudi akipatwa na ugonjwa wa kusahau, angalau hupumzika na yaliyomkuta. Sivyo. Kumbukumbu za karibuni ndizo hutangulia kupotea. Za ujanani hukawia, na wapo wanaojiona wamerudi katika kambi za Wanazi.

Kwa mhudumu, bafuni ndiko kugumu zaidi. Auschwitz, kambi ya mauaji ya Wanazi nchini Poland, vyumba vya gesi viliigizwa kama bafu za manyunyu, kwa hiyo maji yasimwagwe kichwani ghafla. Mweleze kwanza, mfunike taulo, anza na miguu kwa beseni na kitambaa. Akikataa, acha, kumlazimisha leo kunaharibu wiki nzima. Aliyeonja njaa ya kambi huficha chakula. Mkate uliofichwa chini ya mto usinyakuliwe: mpe mpya kwanza, ndipo uombe ule ulioota ukungu. Dawa zipelekwe chumbani, asipangwe foleni kama kambini.

Hapo ndipo wakimbizi Wayahudi wa Ulaya ya kati walioanzisha Selfhelp, shirika la kusaidiana, mjini Chicago mwaka 1938, na baadaye makao ya wazee, walikuwa na faida isiyonunulika: mzee aliyerudia Kijerumani cha utotoni alipata wa kumjibu. (Mhudumu asiyekijua asikibahatishe kwa sauti ya amri, kama ya walinzi wa kambi.)