Kwa nini John Cazale hakuwahi kuteuliwa kuwania Oscar?

John Cazale, mwigizaji wa Marekani aliyefariki dunia kwa saratani ya mapafu mjini New York mwezi Machi 1978 akiwa na umri wa miaka 42, aliigiza katika filamu ndefu tano tu, na zote tano ziliteuliwa kuwania Oscar ya filamu bora, tatu zikashinda. Yeye mwenyewe hakuteuliwa hata mara moja, na watazamaji wengi huikumbuka sura yake, ile ya paji pana na macho ya huzuni, bila kulijua jina. Ilikuwaje?

Katika "The Godfather" ya mwaka 1972 yeye ni Fredo, mtoto mnyonge wa mkuu wa genge. Al Pacino, James Caan na Robert Duvall, walioigiza ndugu zake wawili wa damu na mmoja wa kulelewa, waliteuliwa wote watatu kuwa waigizaji wasaidizi bora; Fredo akaachwa. Hata hivyo, mtazame baba anapopigwa risasi kando ya meza ya matunda: Fredo anahangaika na bastola, inamponyoka, kisha anaketi ukingoni mwa barabara akilia kama mtoto. Hapo hakuna hotuba wala ushujaa, na naamini ndiyo sababu wapiga kura walimpita, kwa kuwa tuzo humwendea kwa urahisi zaidi anayeitawala skrini, ilhali Cazale alikubali kuonekana dhaifu bila kutuomba tumhurumie. Ubaridi wa Michael, anayeigizwa na Pacino, unatutisha kwa sababu tumeona kwanza woga wa kaka yake.

Mambo yakajirudia. Sehemu ya pili, ya mwaka 1974, ilitoa wateule watatu katika kundi lile lile, na Robert De Niro akashinda. Cazale, ambaye humo analia uchungu wa kurukwa na mdogo wake huku amezama kwenye kiti kilicholegea, hakuwamo. Mwaka 1975, katika "Dog Day Afternoon", aliyeteuliwa ni Chris Sarandon. Cazale aliigiza Sal, mwizi wa benki mkimya, ambaye akiulizwa angependa kukimbilia nchi gani anajibu kwa dhati kabisa: "Wyoming", ambalo ni jimbo la Marekani hiyo hiyo. Neno hilo halikuwa kwenye mswada. Alilibuni papo hapo, na ndani yake mna maisha yote ya mtu asiyewahi kufika popote.

Watu wa jukwaani walimtambua mapema, kwani mwaka 1968 alipata tuzo ya Obie kwa tamthilia aliyocheza pamoja na Pacino. Alipoigiza "The Deer Hunter" alikuwa tayari mgonjwa, hivyo mwongozaji Michael Cimino akapanga sehemu zake zirekodiwe kwanza. Filamu ilitoka Desemba 1978, miezi tisa baada ya kifo chake. Oscar ya mwigizaji msaidizi ilikwenda kwa mwenzake, Christopher Walken.