Magemu ya mwezi ya PlayStation Plus: yanayosemwa vijiweni na yalivyo kweli

PlayStation Plus ni uanachama wa kulipia wa mashine za PlayStation za Sony, na kila mwezi mwanachama hupewa magemu kadhaa ya kuchukua bila kulipa zaidi. Wapo watu wanaulipia mwaka mzima halafu wanaambulia magemu mawili matatu tu, wakati wangeweza kuwa nayo zaidi ya thelathini. Bahati mbaya haihusiki hapo. Wanaamini kwamba mwezi uliotangazwa ni muda wa kucheza, kumbe ni muda wa kuchukua. Kosa hilo moja linazaa mengine mengi, na mengi kati ya hayo yanasikika kila siku kwenye vibanda vya gemu, tena kwa watu wanaojua kucheza kuliko wengi wetu.

Tuanze na mpangilio wenyewe, maana bila huo hakuna kitakachoeleweka. Sony ilianzisha PlayStation Plus mwaka 2010, enzi za PS3. Ilipokuja PS4 mwaka 2013, uanachama huo ukawa wa lazima kwa mtu anayetaka kucheza na wenzake mtandaoni, isipokuwa kwenye magemu yasiyouzwa kama Fortnite. Juni 2022 huduma ikagawanywa madaraja matatu: Essential, Extra na Premium. Kwenye nchi ambazo hazina huduma ya kucheza gemu moja kwa moja kupitia intaneti, daraja la juu huitwa Deluxe. Magemu ya mwezi yapo kwenye madaraja yote. Katalogi, yaani ule mrundo wa mamia ya magemu, inaanzia Extra kwenda juu. Magemu ya mwezi yana utaratibu wake, katalogi ina wake, na tarehe zake hazifanani.

DHANA: "Mwezi ukiisha, gemu linaondoka, kwa hiyo usipolipakua mapema limekupita."

Hii ndiyo inayoumiza zaidi huku kwetu, kwa sababu bando ni ghali na gemu moja linaweza kula GB 50 au 100. Mtu anaangalia bando lake, anaangalia ukubwa wa gemu, anakata tamaa. Mwezi unapita.

Ukweli ni kwamba huhitaji kupakua chochote. Kinachotakiwa ni kuliongeza gemu kwenye maktaba ya akaunti yako kabla dirisha, yaani siku zilizowekwa za kulichukua, halijafungwa. Chukua mfano wa Desemba 2024. Sony ilitoa It Takes Two, lile gemu la watu wawili lililotwaa tuzo ya gemu bora la mwaka 2021. Dirisha lake lilifunguka tarehe 3 Desemba, likafungwa tarehe 6 Januari 2025. Aliyeligusa ndani ya siku hizo, hata kama hakushusha hata MB moja, anaweza kulipakua leo, mwakani au siku atakayopata Wi-Fi ya uhakika, ilimradi uanachama wake uko hai. Aliyesubiri mpaka tarehe 7 Januari akakuta bei.

Kulichukua hakuhitaji hata kuwasha mashine. Unafungua programu ya PlayStation kwenye simu, unaingia kwa akaunti ile ile yenye uanachama, unakwenda sehemu ya PlayStation Plus, unagusa gemu, kisha unabonyeza kitufe cha kuongeza kwenye maktaba. Ukiona bei kamili badala ya kitufe hicho, simama hapo hapo. Ama umeingia kwa akaunti nyingine, ama uanachama umeisha, ama dirisha limefungwa. Usibonyeze kununua ukidhani ni hatua ya kawaida.

Na hili wengi hawalijui: mwenye PS4 anaweza kuchukua gemu la PS5 kupitia simu au tovuti, akaliweka kwenye maktaba akisubiri siku atakayopata PS5. Kama unapanga kununua mashine hiyo mwakani, anza kuchukua leo. Hakuna gharama ya ziada, na ukishaipata utakuta magemu yanakusubiri.

DHANA: "Ukishalichukua ni lako milele."

Hapana. Ni lako kwa muda wote ambao unalipa. Uanachama ukiisha, alama ya kufuli inatokea juu ya picha ya gemu na halifunguki, hata kama liko kwenye diski ya mashine yako na umelicheza jana usiku. Ukilipia tena baada ya mwezi au mwaka, kufuli linaondoka na yote yanarudi. Rekodi za mchezo zilizohifadhiwa kwenye mashine hazifutiki kwa sababu ya uanachama kuisha, kwa hiyo unaendelea ulipoishia.

Dhana hii ina asili, na naona ni haki kuieleza, kwa sababu wanaoisema hawakuiota. Microsoft, wenye mashine za Xbox, ilikuwa na mpango wake wa magemu ya mwezi ulioitwa Games with Gold, ulioanza 2013. Magemu ya Xbox 360 yaliyotolewa kwenye mpango ule yalibaki kwako kabisa, hata uanachama wa Gold ukiisha. Ya Xbox One hayakuwa hivyo. Hayo yalihitaji uanachama hai. Mpango wenyewe ulifungwa Septemba 2023, nafasi yake ikachukuliwa na uanachama ulioitwa Game Pass Core. Waliokulia kwenye Xbox 360 walibaki na imani ile, wakahamia nayo PlayStation, na kwenye PlayStation haikuwahi kuwa kweli.

Angalia pia nyongeza unazonunua, yaani sehemu za ziada za gemu zinazouzwa kando. Gemu la msingi likiwa la uanachama na wewe ukanunua nyongeza yake kwa pesa yako, nyongeza ni yako, lakini bila gemu la msingi haina pa kufungukia. Kabla ya kutoa pesa kwa ajili ya nyongeza, jiulize kama utaendelea kulipia Plus. Kama jibu ni hapana, subiri gemu lenyewe lishuke bei ulinunue kabisa.

Pahali ambapo dhana hii inawaliza watu kweli kweli ni kwenye soko la mashine zilizotumika. Tangazo linasema "PS4 safi, pedi mbili, magemu 30 ndani", na bei imepandishwa kwa sababu ya hayo magemu. Mengi ya hayo 30 ni ya uanachama wa muuzaji, kwenye akaunti ya muuzaji. Siku uanachama huo ukiisha, au muuzaji akihamishia leseni zake kwenye mashine yake mpya, mnunuzi anabaki na mashine yenye picha za magemu na makufuli. Ukinunua mashine iliyotumika, lipia mashine, pedi na CD zilizoko kwenye makasha. Kilichomo ndani ya diski usikihesabie hata shilingi moja, hata muuzaji akiwa mtu mwaminifu, kwa sababu uaminifu wake hauwezi kubadilisha masharti ya leseni.

DHANA: "Magemu ya Extra ni hivyo hivyo, ukiyapakua yanabaki."

Hapa ndipo tofauti ya magemu ya mwezi na katalogi inapoonekana. Gemu la mwezi ukilichukua linabaki kwenye maktaba hata baada ya dirisha kufungwa. Gemu la katalogi likiondolewa linaondoka kwa wote: aliyelipakua, aliyekuwa katikati ya mchezo, aliyebakiza sura moja amalize. Kulipakua hakulizuii kuondoka.

Watu hudhani haya yanawahusu watengenezaji wasio Sony tu, kwamba magemu ya Sony yenyewe hayaguswi. Marvel's Spider-Man, gemu la Sony kabisa, liliondolewa kwenye katalogi Mei 2023. Horizon Zero Dawn likafuata Mei 2024. GTA V liliingia Desemba 2023, likatoka Juni 2024, na baadaye mwaka huo huo likarudi. Kwenye Game Pass, katalogi ya Xbox, ni vivyo hivyo: Mei 2020 siku ileile GTA V iliondoka na Red Dead Redemption 2 ikaingia.

Katalogi huongezwa magemu Jumanne ya tatu ya mwezi, na yanayoondoka huwekwa kwanza kwenye sehemu maalumu inayoonyesha ni yapi yanakaribia kutolewa. Sehemu hiyo ndiyo ya kuangalia kabla hujaanza gemu la saa 80. Nikiwa na magemu mawili ninayoyataka, moja la mwezi na moja la katalogi, naanza na la katalogi bila kufikiri mara mbili.

Kama ulikuwa Extra ukashuka Essential ili kupunguza gharama, magemu ya mwezi uliyokwisha kuyachukua yanabaki wazi. Ya katalogi ndiyo yanafungwa.

DHANA: "Yanatoka kila tarehe moja."

Yanatoka Jumanne ya kwanza ya mwezi. Mwezi ukianza Jumatano, kama Januari 2025, utasubiri hadi tarehe 7. Orodha kwa kawaida hutangazwa Jumatano ya wiki iliyotangulia, na ya mwezi unaoisha yanabaki kuchukulika hadi Jumatatu ya mwisho kabla ya mapya. Kwa hiyo tarehe 2 au 3 ukikuta bado ya zamani, hakuna kilichoharibika. Huenda bado una siku ya kuyachukua uliyoyasahau.

DHANA: "Sony inatutupia magemu yaliyokufa."

Kuna miezi mibaya, sikatai. Lakini kila gemu kwenye orodha lina mkataba na pesa nyuma yake. Kampuni ya Snail, inayochapisha gemu la ARK: Survival Evolved, ilipokuwa inajiandaa kuuza hisa Marekani mwaka 2022 ililazimika kuweka wazi hesabu zake, na humo ikaonekana kwamba Sony ililipa dola milioni 3.5 ili gemu hilo liwe la mwezi kwa wiki tano kuanzia Machi 2022. Hiyo ni pesa nyingi kwa gemu ambalo tayari lilikuwa limetoka miaka kadhaa nyuma.

Na si mara zote pesa pekee ndiyo inayomvuta mtengenezaji. Gemu la kuchezwa na watu wengi mtandaoni linakufa lisipopata watu siku za mwanzo. Rocket League lilizinduliwa Julai 2015 likiwa gemu la mwezi siku hiyo hiyo ya kutoka, likajaza uwanja kwa watu ambao hawakuwa wamewahi kulisikia. Fall Guys likafanya hivyo Agosti 2020 na, kwa tangazo la Sony yenyewe mwezi huo, likawa gemu lililopakuliwa zaidi katika historia ya PlayStation Plus. Hakuna aliyeyaita hayo magemu yaliyokufa.

Kwa sisi wa mpira, sababu inaonekana wazi zaidi. EA Sports FC 24 liliuzwa kuanzia Septemba 2023, likatolewa kwa wanachama Mei 2024. FIFA 22 nalo lilikuwa hivyo, Mei 2022. Ligi zinakwisha, wanaonunua kwa bei kamili wamekwisha kununua, na kampuni inataka watu wengi waingie kabla toleo jipya halijaja. Nisingemshauri mtu anunue gemu la mpira kwa bei kamili mwezi Aprili.

Orodha inaweza pia kubadilika dakika za mwisho. Julai 2019 ilitangazwa PES 2019, gemu la mpira, watu wakajiandaa, na siku yenyewe ikawekwa Detroit: Become Human badala yake. Wapenzi wa PES walilia, na mimi naona walikuwa na haki, ingawa waliopenda hadithi walipata gemu zuri.

DHANA: "Vocha ni vocha, akaunti ni akaunti."

Duka la PlayStation halijafunguliwa rasmi Tanzania wala Kenya. Oman na Falme za Kiarabu zina maduka yao, Afrika Kusini pia. Mchezaji wa Dar es Salaam au Mombasa kwa kawaida anatumia akaunti ya Marekani, ya Uingereza au ya Afrika Kusini, na hapo ndipo watu wanapotupa pesa. Vocha ya kulipia dukani ya Marekani inaingia kwenye akaunti ya Marekani tu. Ukimwagiza ndugu aliyeko Dubai akununulie vocha, mwambie kwanza akaunti yako ni ya nchi gani, la sivyo atakuletea ya huko na haitakubali. Na uanachama na magemu uliyochukua yamefungwa kwenye akaunti moja. Ukifungua akaunti mpya ya nchi yenye bei nafuu, unaanza upya na maktaba tupu.

DHANA: "Wenye PS4 tumeshatupwa."

Mapema 2025 Sony ilitangaza kwamba kuanzia Januari 2026 magemu ya PS4 hayatakuwa tena sehemu kuu ya huduma, kwa kuwa wachezaji wengi wamehamia PS5. Huku kwetu, ambako PS4 bado ndiyo mashine ya vibanda vingi na sebule nyingi, tangazo hilo lilipokewa kama msiba. Lakini lisome vizuri. Magemu ya PS4 ambayo umekwisha kuyachukua hayaondolewi kwenye maktaba yako, kucheza mtandaoni kunaendelea, na kuhifadhi rekodi mtandaoni kunaendelea. Jambo kama hili limewahi kutokea: Machi 2019 Sony iliacha kutoa magemu ya mwezi ya PS3 na ya PS Vita, mashine yake ndogo ya kubeba, na waliokwisha kuyachukua waliendelea nayo. Kilichopungua ni magemu mapya ya PS4 yanayoingia. Kila unapotazama orodha ya mwezi, angalia kama jina la gemu limeandikwa PS5 peke yake au PS4 na PS5 pamoja. Yakiwa ya PS5 peke yake, yachukue kwa simu hivyo hivyo na uyaache yakae.