Topkapı, Kasri Linalosomwa Malangoni

Haijapita safari hata moja bila kuulizwa swali hili. Tumeshavuka lango la pili, tumesimama kwenye ua mpana wenye miti na njia za mawe, jua linachoma, na mtu mmoja ananisogelea na kuninong'oneza kama anayeona haya: “Mwalimu, sasa kasri lenyewe liko wapi?”

Huwa namjibu kwamba ndilo hili alimo. Haridhiki, na simlaumu. Amekuja akitarajia jengo moja refu lenye mamia ya madirisha na ngazi za marumaru mbele, kama Versailles kule Ufaransa. Hapa anaona kuba za chini, mabomba ya moshi ya jikoni, vibanda vya kifahari vilivyotawanyika, na ukuta.

Kazi yangu ni kufundisha historia ya majengo, na kasri hili la masultani wa Kiosmani mjini Istanbul nimelitembelea mara nyingi kuliko jengo jingine lolote lisilo nyumba yangu. Mehmed wa Pili, aliyeuteka mji mwaka 1453, aliagiza ujenzi uanze mwaka 1459, na tangu hapo takriban kila sultani aliongeza chumba, akabomoa kingine, akapachika vigae juu ya kazi ya babu yake. Walikaa humo karibu miaka 400. Wafalme wa Ulaya walipotaka kumtisha mgeni walimwonyesha uso wa jengo. Masultani waliuficha uso huo. Walichojenga hapa ni umbali: nyua nne, moja nyuma ya nyingine, na kila lango linapovukwa idadi ya wanaoruhusiwa kuendelea inapungua. Hata jina ni hilohilo. Kwa Kituruki *top* ni mzinga na *kapı* ni lango, ingawa enzi zake wenyewe waliliita kwa muda mrefu Kasri Jipya tu.

Ndiyo maana huwaomba watu wangu wasitumie nguvu zao zote kwenye foleni ya almasi. Simameni malangoni.

Lango la kwanza, Bab-ı Hümayun, lina maandishi yenye tarehe inayolingana na mwaka 1478. Ua wa nyuma yake ulikuwa wazi kwa karibu kila mtu aliyekuwa na shida ya kupeleka au kazi ya kufanya. Humo mna kanisa la kale la Aya İrini, ambalo Waosmani hawakuligeuza msikiti, walilifanya ghala la silaha. Vikundi vingi huupita ua huu haraka, nami pia.

La pili ndilo la kusimama. Babüsselam, Lango la Salamu, lenye minara miwili iliyochongoka kama penseli. Hapa kila aliyekuja kwa farasi alishuka. Ni sultani peke yake aliyepita akiwa juu ya tandiko. Waziri mkuu, ambaye asubuhi hiyohiyo huenda alikuwa amesaini amri ya kuhamisha jeshi zima, hapa aliweka mguu chini na kutembea kama wengine. Angalia pia kwamba lango hili si tundu ukutani. Ni jengo lenye kina, lina mlango wa nje na mlango wa ndani, na kati yake kuna vyumba. Mtu angeweza kuingia wa kwanza, asifunguliwe wa pili. Nafasi hiyo iliitwa “kati ya milango”, na mawaziri walioanguka machoni pa sultani walizuiliwa humo wakisubiri kujua hatima yao. Nje kidogo kuna chemchemi ambayo waongozaji husimulia kwamba mnyongaji alinawia mikono na upanga wake. Watu huipiga picha sana. Mimi hunishtua zaidi ile milango miwili.

Ukiingia ua wa pili, jaribu kuusikiliza. Leo una kelele za vipaza sauti na lugha kumi kwa wakati mmoja, lakini mabalozi wa Ulaya waliofika hapa zamani waliandika tena na tena kuhusu jambo moja: ukimya. Maelfu ya Janisari, askari wa kudumu wa sultani, walisimama bila kikohozi. Ndani zaidi, watumishi waliwasiliana kwa ishara za mikono walizojifunza kwa mabubu wa kasri, kwa kuwa kupaza sauti karibu na sultani kulihesabiwa utovu wa adabu. Tena mabalozi hawakuletwa siku yoyote tu. Mara nyingi walipangiwa siku ya mishahara ya Janisari, iliyokuja mara nne kwa mwaka, ili waone kwa macho yao mifuko ya fedha ikigawiwa na jinsi watu wengi hivyo walivyoweza kutii bila neno.

Upande wa kushoto kuna ukumbi wa baraza la mawaziri, *Divan*. Sisi Waswahili tumebaki na diwani. Jina la ukumbi wenyewe ni Kubbealtı, yaani chini ya kuba, na wala halihitaji tafsiri. Mawaziri walikutana hapa siku nne kwa wiki. Inua macho juu ya kiti cha waziri mkuu, uone dirisha dogo lenye kimia cha dhahabu. Mehmed wa Pili aliacha kuhudhuria vikao, na baada yake masultani wakasikiliza kutoka nyuma ya kimia hicho, pasipo kuonekana.

Niliwahi kumfuata mwongozaji mmoja aliyeeleza dirisha hili kwa sentensi moja, “Hapa sultani alikuwa anapeleleza mawaziri,” kisha akaondoka. Si uongo, ila amekula ganda akatupa kokwa. Mpelelezi hataki ijulikane kwamba yupo. Dirisha hili kila mtu alilijua. Nguvu yake ilikuwa kwamba hakuna aliyeweza kuwa na uhakika kama siku hiyo kuna mtu nyuma yake au hakuna, kwa hiyo waziri alilazimika kuhukumu kesi ya mkulima kana kwamba bwana wake anamsikia, hata kama bwana wake yuko mawindoni. Mnara uliosimama juu ya ukumbi huo unaitwa Mnara wa Uadilifu. Unaonekana hadi ng'ambo ya maji, na ujumbe wake kwa mji mzima ulikuwa huohuo: labda anaangalia.

Mkono wa kulia ni majiko, yaliyojengwa upya na msanifu mkuu Sinan baada ya moto wa mwaka 1574. Humo siku hizi huwekwa vyombo vya kauri kutoka China, zaidi ya 10,000 kwenye mkusanyo wote. Vile vya kijani kibichi vilipendwa kwa imani kwamba chakula chenye sumu kingevibadili rangi. Na kama unadhani jikoni hapakuwa na siasa: Janisari walipotaka kuasi, walikipindua chungu chao kikubwa cha chakula. Kukataa kula cha sultani kulikuwa ndiko kutangaza vita naye.

Lango la tatu ni Babüssaade, Lango la Heri. Mbele yake ndipo sultani mpya alipokalishwa kitini na kupokea viapo vya utii, na kabla ya vita bendera tukufu ilisimikwa hapo. Kulivuka bila ruhusa lilikuwa kosa lisilo na mjadala. Waliobahatika kuruhusiwa walikuta kitu cha ajabu. Hatua chache tu baada ya kizingiti, chumba cha mapokezi kimejengwa kukuziba macho. Balozi aliingizwa humo akiwa ameshikwa mikono yote miwili, akainamishwa mbele ya sultani, akatolewa. Alikuwa amefika ua wa tatu, na asiuone. Kando ya mlango wa chumba hicho kuna kijichemchemi. Maji yalifunguliwa wakati wa mazungumzo ili mlio wake umeze maneno, na aliye nje asipate kitu.

Sasa Harem, sehemu inayosimuliwa vibaya kuliko zote. Msomaji wa Kiswahili ana faida kubwa hapa. Neno hilo ni la ukoo mmoja na haramu, ihramu na maharimu. Kiini chake ni mahali palipozuiwa, patakatifu, pasipoingiwa na asiyehusika. Mtalii aliyelelewa na michoro ya wasanii wa Ulaya huingia akitafuta mabwawa ya kuogea na wanawake waliojilaza kwenye mito. Anachokuta ni vijia vyembamba, vyumba vidogo visivyo na mwanga wa kutosha, na milango juu ya milango. Masuria wengi walikuwa watumishi wenye ngazi, mishahara na walimu, na wengi wao hawakuwahi kuzungumza na sultani. Aliyetawala humu ndani alikuwa mama yake. Kwenye kijia kimoja kuna meza ndefu ya marumaru kando ya ukuta, ambako sinia za chakula ziliwekwa na walioleta, kisha zikachukuliwa na wa ndani. Huwa namwomba kila mtu aiguse ile hewa ya juu yake kwa mkono. Hapo ndipo mpaka ulipopita.

Lakini kabla ya kuwafikia wanawake, unapita makazi ya matowashi weusi, na hapo siendi haraka hata mkinivuta. Walikuwa watoto wa Kiafrika, wengi kutoka Sudan na Uhabeshi, waliokamatwa, wakahasiwa, wakauzwa. Waliobaki hai na kupanda ngazi wangeweza kufika mbali kupita kiasi. Beşir Ağa, mzaliwa wa Uhabeshi, alikuwa mkuu wa Harem kuanzia 1717 hadi alipofariki 1746, akashika usimamizi wa wakfu za Makka na Madina, akajenga msikiti na maktaba, na mawaziri wakuu waliinuka na kuanguka kwa ushauri wake. Mwongozaji mmoja wa kikundi nilichojiunga nacho kama mgeni alituvusha kwenye ua wao kwa muda usiotosha kufunga kamba ya kiatu, akikimbilia bafu la sultani. Ukilipa pesa yako, una haki ya kusema: ngoja kidogo, hawa ni akina nani?

Ndani zaidi ndiko walikofungiwa wana wa kifalme. Mwaka 1595 Mehmed wa Tatu alipopanda kitini aliwaua ndugu zake 19 ili asiwe na mpinzani. Baada yake, karne iliyofuata, wakaanza kuwaacha hai, ila wamefungwa katika vyumba vilivyopewa jina la Kizimba. İbrahim alitolewa humo mwaka 1640 kuwa sultani.

Kwa kawaida njia ya Harem huanzia ua wa pili na kukutoa moja kwa moja ua wa tatu. Maana yake umelipita Lango la Heri kwa uani, bila kulivuka. Mimi huwarudisha watu wangu nyuma, tunatoka, tunageuka, tunaingia upya kwa miguu yetu. Wananung'unika.

Hazina sitaisemea sana. Almasi ya karati 86 ipo, imezungukwa na almasi ndogo 49, na foleni ipo. Lililo bora kwangu ni jambia lenye zumaridi tatu kwenye mpini. Sultani Mahmud wa Kwanza alilipeleka zawadi kwa Nadir Shah wa Iran mwaka 1747, msafara ukiwa njiani Shah akauawa, jambia likarudi nyumbani. Kwenye vyumba vya amana tukufu, lilimo joho la Mtume, Qurani husomwa bila kukoma. Punguza sauti, weka simu mfukoni.

Ua wa nne hauna lango la kutisha. Ni bustani, vigae vya buluu, vibanda vilivyo wazi kwa upepo, kikiwemo kile alichojenga Murad wa Nne kukumbuka kuiteka Baghdad mwaka 1638. Kwenye ukingo unaotazama mlango-bahari wa Bosphorus kuna jengo la mwisho kujengwa hapa, la Sultani Abdülmecid, lenye madirisha marefu na sura ya Kizungu kabisa. Sultani huyohuyo alihama mwaka 1856 kwenda Dolmabahçe, jengo moja refu lenye uso mmoja mkubwa pwani, na Topkapı ikabaki na walinzi na wazee hadi ilipofanywa makumbusho mwaka 1924.

Yule aliyeniuliza kasri liko wapi hufika hapo, huangaza macho, na kutoa simu kwa furaha. Ndilo jengo pekee ambalo hajawahi kuniuliza ni nini.