Berkeley hakusema vitu havipo

Kwenye mabishano ya falsafa, hata kijiweni pale Mwanga, Kigoma, hutakosa wa kusema: "Berkeley alidai vitu havipo, vyote ni ndoto." Kisha atagonga meza kwa ngumi, kesi imekwisha. Hoja hiyo ni ya zamani. Mwaka 1763, huko Harwich, Uingereza, mwandishi Mwingereza Samuel Johnson alipiga teke jiwe kubwa akasema amempinga Berkeley namna hiyo.

Teke lile lilikosa shabaha. George Berkeley, mwanafalsafa wa Ireland aliyekuja kuwa askofu, aliandika wazi katika kitabu chake cha 1710 kwamba vitu anavyoviona kwa macho na kuvigusa kwa mikono vipo kweli. Alichokikana ni ile maada isiyoonekana wala kuguswa, ambayo wanafalsafa walidai imejificha nyuma ya sifa za vitu.

Chukua dagaa walioanikwa kwenye mwalo wa Kibirizi, Kigoma. Ondoa mng'ao, harufu, ule ukavu unaokwaruza vidole, ladha. Kimebaki nini? Hakuna, anajibu Berkeley. Dagaa ni hizo sifa zenyewe, na kuwepo kwake ni kuhisiwa. Hata ugumu ambao mguu wa Johnson uliukuta ni hisia, kwa hiyo alimtolea Berkeley ushahidi bila kujua (hapa huwa nacheka).

Je, waanikaji wakienda kula, mwaloni pasibaki mtu? Dagaa hawatoweki, kwa sababu Mungu anawaona. Kama unataka kumbana Berkeley, anzia hapo: mwondoe Mungu, na nadharia yake inabaki bila jibu la swali hilo.