Beri za wintagrini: tunda linalika, mafuta yake ni sumu

Je, beri nyekundu za wintagrini zilizochumwa msituni zinalika? Zinalika. Mtu mzima mwenye afya akila kiganja kimoja cha zilizoiva hana cha kuhofia.

Wintagrini (Gaultheria procumbens) huota mashariki mwa Marekani na Kanada, kwenye udongo wenye tindikali chini ya misonobari na mialoni. Ni mmea mfupi, wa sentimeta 15 hivi, na majani yake magumu yanayong'aa hayapukutiki. Beri huiva msimu wa vuli na kubaki kwenye mmea majira yote ya baridi, wakati msitu umebaki mtupu, ndiyo maana huvuta macho ya wapita njia. Nyama yake ni ya ungaunga, na ladha yake, kusema kweli, inakumbusha dawa ya kuchua misuli.

Rangi isikudanganye. Mmea uitwao Convallaria majalis (kwa Kiingereza lily of the valley) nao huzaa beri nyekundu, na sumu yake huvuruga mapigo ya moyo. Mmea mwingine, Actaea rubra (red baneberry), ni hatari vilevile, ila beri zake hushikana kichala juu ya bua lililosimama. Za wintagrini huning'inia chini ya majani, na kila moja ina alama kama nyota kwenye ncha. Fikicha jani unuse: harufu ni kali, haina mfano. Lakini futa vidole kabla ya kujaribu mmea wa pili, maana harufu ya kwanza hung'ang'ania na kila jani litanukia wintagrini. Na usiseme "mbona ndege wanakula". Tumbo la ndege si lako.

Harufu hiyo ni ya methili salisilati, jamaa wa aspirini. Ndani ya beri ni kidogo. Hata hivyo, anayedhurika na aspirini, anayetumia warfarini (dawa ya kuzuia damu kuganda), au mtoto mwenye homa ya mafua au tetekuwanga, aziache.

Mafuta ya wintagrini ni habari nyingine kabisa. Karibu yote ni kemikali hiyo, na kijiko kimoja cha chai, mililita 5, ni sawa na vidonge zaidi ya 20 vya aspirini. Kiasi hicho kinaweza kumuua mtoto. Akiyanywa, usimtapishe wala usingoje dalili kama masikio kuvuma au kupumua kwa kasi. Mkimbize hospitali, na chupa uibebe.